Mreno Bubu wa Mwalimu Zuhura

Kabla hamjanicheka nisikilizeni. Kwenye karatasi za serikali mimi nilikuwa dereva. Kwa watoto wa mji wa Ibra nilikuwa Mreno. Kwa mke wangu, Mwenyezi Mungu amrehemu, nilikuwa mtu mzima anayelipwa kwa kufanya upuuzi mbele za watu. Wote walikuwa na haki.

Nyinyi vijana kila tukikaa kitako Ijumaa baada ya sala mnaniuliza, "Babu Suleiman, hasa ulikuwa ukifanya kazi gani?" Mnauliza kwa Kiarabu, mie najibu kwa Kiswahili, katikati hapo tunapoteana, halafu inaletwa kahawa na halwa na jambo linakwisha. Leo sina halwa. Nitakwambieni yote polepole, na neno msilolifahamu mumuulize mama. Kama mama naye halijui, basi na yeye akae kitako asikilize.

Skuli nilisoma mpaka darasa la sita. La saba nililichungulia dirishani tu, maana siku ya kwanza nilifukuzwa kwa kumuigiza mwalimu mkuu anavyotembea, na mwalimu mkuu mwenyewe yuko nyuma yangu. Tukaja Omani mie barobaro, na Kiarabu changu chote kilikuwa cha chuoni, cha kusomea Kurani. Juzuu Amma naisoma bila ya kukosea, lakini tairi likipasuka siwezi kumuulizia fundi wa pancha. Watu wa hapa wakinisikia wakisema, "Huyu Zinjibari anaomba maji kama anatoa khutba."

Nikapata udereva. Bosi wangu alikuwa Mwalimu Zuhura. Huyu alizaliwa Unguja mjini, akasomea ualimu, akaja huku na kichwa chake na sanduku moja, akapanda cheo mpaka akawa mkuu wa mafunzo ya lugha kwa watu wazima mkoa wote wa Sharqiyah. Wanafunzi wake wengi walikuwa watu kama sisi: mabibi na mababu waliorudi nchi ya wazee wao na hawawezi kumwambia daktari wapi panauma. Kazi yake ilikuwa kuwapa ulimi. Kazi yangu ilikuwa kumfikisha. Leo Samad, kesho Al Qabil, keshokutwa Sur.

Siku moja baada ya kupita Al Qabil gari ikachemka. Nikaingia kituo cha petroli kuomba maji ya rejeta, na neno la rejeta kwa Kiarabu sinalo. Basi nikajifanya gari. Nikavimbisha mashavu, nikatetemeka, nikatoa moshi kwa masikio, nikafa pale pale juu ya lami. Yule mfanyakazi akaja na ndoo ya maji na kitambaa kinene cha kufungulia kifuniko. Kitambaa mie sikukiomba. Alikiona mwenyewe kwenye ule mtetemeko.

Narudi kwenye usukani, Mwalimu Zuhura kiti cha nyuma ananitazama.

"Rudia," akasema.

"Nirudie nini, mwalimu?"

"Hicho kitendo. Rudia hapa hapa, nikione kwa mbele."

Nikarudia, jua la saa saba, malori yanapita yananipigia honi. Jioni yake nikasimamishwa mbele ya darasa la Samad, na tangu siku hiyo mpaka nilipostaafu hiyo ndiyo kazi yangu niliyoifanya. Mie natenda, yeye anauliza, "Anafanya nini?" Wanafunzi wanajibu kwa Kiarabu. Amekaa. Amesimama. Anamenya kitunguu na kinamliza. Mimi neno hata moja sitoi. Siku ya mwanzo nilijisahau nikasema "aah" nilipojifanya nimeungua na buli, na darasa zima likajibu "aah." Mwalimu Zuhura akaniambia ndani ya gari, "Suleiman, ukifungua mdomo watakamata mdomo. Ufunge. Mwenyezi Mungu kakupa mwili mzima, kakupa mdomo mdogo."

Kwa anayetaka kuijua kazi yenyewe, na najua hayupo, nitasema kidogo. Uso uache. Mtu asiyejua kuigiza anakunja uso tu, anadhani ndiyo huzuni. Kitendo kinaanzia miguuni. Anayebeba mtungi unamjua kwa visigino kabla hujauona mkono. Na jicho litangulie mkono: kitu hakishikiki mpaka umekitazama pale kilipo, hata kama hakipo. Na usitende mambo mawili pamoja, watu watataja lile wanalolitaka wao. Hilo la mwisho likumbukeni, linaua.

Makosa nimefanya, tele. Samad nilijifanya nalima, wazee wakakataa kutaja. Mmoja akanyanyuka na fimbo yake akanisogeza, akanionesha namna ya kuinama kwenye mfereji wa falaj unapogeuza maji kuyaingiza shambani. "Hivyo ulivyofanya wewe," akasema, "unachimba kaburi." Darasa likacheka, na mie nikacheka.

Sur sikucheka. Sur darasa lilikuwa la wanawake, na mimi, fundi wa mafundi, nikaona siku hiyo niwafurahishe: nikajifanya mtu anazama. Nikapiga mikono, nikameza maji, nikatoa macho, nikazama kwa madaha. Mwalimu Zuhura akauliza, "Anafanya nini?" Kimya. Akauliza tena. Bibi mmoja mbele akajifunika uso kwa shela. Nikiwa chini sakafuni nikakumbuka Sur ni mji wa mabaharia, na waume wa wale wanawake walizikwa wapi, kama walizikwa. Njia nzima mpaka Ibra Mwalimu Zuhura hakunisemesha. Tulipofika kwake akafungua mlango wa gari akasema, "Kitendo ukikifanya kweli kinakuwa kweli. Usiku mwema."

Halafu zikaja filamu. Wizara ilileta mpiga picha na mashine yake, ili masomo yapelekwe hata kwenye vijiji tusivyofika sisi. Sauti haikuwekwa kwa makusudi. Mwalimu Zuhura alisema sauti watatia wanafunzi wenyewe. Akatunga hadithi ya Mreno, wale waliojenga ngome zao pwani zamani wakatolewa, huyu mmoja kaachwa nyuma, anazunguka nchi nzima na hajui neno. Nikavalishwa suruali nyekundu, kofia kama sinia, na masharubu ya nywele za mbuzi yaliyokuwa yananukia mbuzi. Mreno amepotea Qalhat. Mreno anatafuta maji. Mreno sokoni Nizwa.

Hiyo ya Nizwa ndiyo iliyonipa jina. Ijumaa asubuhi, soko la mbuzi, wauzaji wanazungusha mbuzi kwenye duara na wanunuzi wamekaa. Mie kazi yangu ilikuwa kushangaa tu. Nikanyanyua mkono kumshangaa dume moja jeusi. Muuzaji akaja moja kwa moja akanitia kamba mkononi. Nikakataa kwa kichwa, akadhani nataka apunguze, akapunguza. Nikajishika kifua kumwomba radhi, akaona nimeridhika. Mpiga picha anaendelea kupiga picha huku analia kwa kicheko. Mbuzi yule alirudi na sisi Ibra kwenye kiti cha nyuma, Mwalimu Zuhura kamkumbatia shingo asije akakanyaga buibui lake, na anasema, "Lugha safi kabisa, Suleiman. Hata mbuzi kafahamu."

Filamu zile zilioneshwa kila kijiji. Nikiingia dukani watoto wanapiga kelele, "Mreno! Mreno!" Imamu wetu aliniita Mreno mara moja msikitini akaomba istighfar.

Mnaona nnavyocheka. Sasa nnakokwenda hakuchekeshi, lakini mdomo wangu umezoea hivyo, mtanisamehe.

Mwalimu Zuhura nyumbani kwake alikuwa na sheria moja. Watoto wake wasisemeshwe Kiswahili. Nyinyi hamjui ilivyokuwa siku zile. Mtoto akikosea neno moja skuli anaambiwa rudi kwenu Afrika, na huyu alikuwa mtoto wa mkuu wa lugha. Mgeni akija akianza, "Hamjambo watoto," Mwalimu Zuhura anamkatiza mlangoni: "Kiswahili kiache hapo nje pamoja na viatu." Na yeye mwenyewe akiingia alikiacha. Kwenye gari na mimi tunasema Kiswahili cha Unguja mpaka mate yanakauka, tukipiga kona ya nyumba yake anakohoa, anabadilika, anakuwa mwanamke mwingine. Watoto wakakua Waarabu safi. Mkubwa, Thuraya, sasa ni mhandisi. Alikuwa anajua maneno kama maji, haya, na chakula. Nyumba nyingi zetu zilifanya hivyo hivyo, na yangu pia. Hatukuona kosa. Tuliona tunawapa mlango.

Tukastaafu wote wawili. Miaka ikapita. Mwalimu Zuhura akapata kisukari, halafu akapata kiharusi. Mie niko Muscat kwa mwanangu, nasikia kwa mbali tu kwamba anaendelea vizuri, alhamdulillah. Halafu asubuhi moja Thuraya akanipigia simu.

"Ami Suleiman," akasema, "mama anasema na sisi hatumfahamu."

Kiharusi kilikuwa kimechukua Kiarabu chote. Na Kiingereza. Kilichobaki ni kile kilichoachwa nje na viatu.

Nikaenda hospitali aliyolazwa. Kidonda cha kisukari kilikuwa kimeanzia kwenye kidole na sasa wayo mzima mpaka karibu na kifundo umekuwa mweusi. Nilipoingia alikuwa kalala chali, mdogo kuliko nnavyomjua, na macho yake yale yale.

"Shikamoo, mwalimu."

"Marahaba. Umechelewa, dereva."

Nilishukuru nilikuwa nimevaa miwani. Nikakaa kitako pembeni ya kitanda.

"Kiarabu kimekwenda wapi?" nikamuuliza.

"Kimeondoka chote. Nakisikia kama mvua juu ya bati. Najua inanyesha, basi." Akamtazama Thuraya aliyesimama miguuni pake. "Watoto wazuri nimewazaa, Suleiman. Wananishika, wananibusu, wanasema, wanasema. Sijui wanasema nini. Nimewasomesha sana."

Thuraya akaniuliza, "Anasema nini?"

"Anasema nyinyi watoto wazuri," nikamjibu.

Kwenye kitanda cha pili kulikuwa na ajuza mwengine amelala, na mfanyakazi wake wa nyumbani anamwangalia, msichana wa Kondoa anaitwa Saumu. Akanyanyua kichwa. "Shikamoo babu. Afadhali umekuja. Huyu bibi anaongea mwenyewe usiku kucha na mimi naogopa kumjibu, madam wangu, binti wa mgonjwa wangu, hataki nichanganyike na mambo ya watu."

Sasa jambo lenyewe. Daktari, Msudani mmoja mpole, alitaka kuukata mguu chini ya goti, na haraka, kabla sumu haijapanda. Akikatwa atapona, au alau ataishi. Asipokatwa atakufa. Thuraya na ndugu zake walitaka akatwe. Na mimi nilitaka hivyo hivyo, nisiseme uwongo. Nikamwambia Mwalimu Zuhura maneno ya daktari kama Thuraya alivyonipa, neno kwa neno.

Akanisikiliza mpaka mwisho. Akasema, "Unguja nimeiacha. Mama yangu nimemwacha kule kaburini. Lugha yangu nikaiacha mlangoni kwa mkono wangu. Na sasa mguu? Hapana, Suleiman. Niacheni niende na kilichobaki."

"Mwalimu, watoto wanakutaka."

"Wananitaka wanifanye nini? Wanitazame?"

Nikatoka nje ya chumba na Thuraya. Nikamwambia amekataa. Akaegemea ukuta, na mimi naona sura ya mama yake ile ya kwenye kituo cha petroli, imekuwa kijana tena.

"Ami," akasema, "daktari nimeshamwambia mama anababaika. Kwamba hayo si maneno, ni sauti tu za maradhi. Mgonjwa asiyejua anachosema, sisi wanawe ndio tunaotia saini. Daktari hana njia ya kujua. Nakuomba usimwambie kinyume."

"Mwanangu, ile ni lugha."

"Nnajua ni lugha. Mimi sina mama mwengine. Sijasema naye tangu aumwe. Akipona nitajifunza, wallahi nitajifunza, tutakaa tusemezane. Akifa ndio basi. Neno moja tu nakuomba, ami. Sema, anababaika."

Nyinyi mtasema, rahisi, sema kweli. Jaribuni.

Sikusema hivi wala vile. Tukarudi ndani, daktari akaja, akaniuliza mimi ni nani na huyu mgonjwa ana nini cha kusema. Nikamtazama Thuraya, nikatazama chini. Aliyejibu ni Saumu, kule pembeni, kwa Kiarabu chake cha jikoni: "Daktari, huyu bibi anaongea Kiswahili. Anaongea kizuri kuliko mimi."

Madam wake hakuwepo, alhamdulillah.

Daktari akageuka. "Mmoja anasema kelele, mwengine anasema lugha, na huyu mzee kanyamaza. Mimi nitajuaje kama anafahamu kinachomngoja? Wewe muulize," akamwambia Saumu, "muulize anajua kama tusipomkata atakufa?"

Saumu akarudi nyuma. "Siwezi. Bibi wa watu, mtu mzima, nimwambie maneno ya kufa? Nitakusikilizia anachosema yeye, nikwambie. Lakini mimi hayo sitoi kinywani kwangu."

Na mie daktari hanitaki niulize, maana ataambiwa nilimtia maneno mdomoni. Tumekwama. Na Mwalimu Zuhura, ambaye kwa masikio yake yote haya yalikuwa mvua ya bati, alikuwa anatusoma nyuso mmoja mmoja, kama alivyokuwa anasoma darasa.

"Hawaamini kama nina akili," akasema. "Siyo? Basi Suleiman, simama pale. Funga mdomo. Tenda, mimi nitataja. Na huyu msichana atawaambia."

Saumu akatafsiri. Daktari akafikiri, akavuta kiti akakaa. "Na atende," akasema. "Lakini mzee, neno hata moja."

Nikavua kofia. Nilikuwa sijatenda kitu miaka mingi, na magoti yangu sasa yanapiga kelele kuliko mdomo. Nikaendesha gari. Saumu akasikiliza, akatafsiri: "Anasema dereva anaendesha gari, na kama kawaida yake anaendesha vibaya." Nikatawadha. Nikamenya kitunguu. Nikanunua mbuzi nisiyemtaka. Kila kimoja anakitaja, sentensi nzima, na la ziada juu yake. Mpaka daktari akaanza kutabasamu. Mpaka mimi, mshenzi, nikaanza kufurahi, kama kwamba tuko Samad.

"Sasa hilo lenyewe," akasema daktari kwa sauti ya chini. "Kwanza akikatwa."

Nikalala kwenye kiti, nikafumba macho. Nikaamka. Nikatazama pale mguu ulipokuwa, jicho mbele ya mkono, nikapapasa, nikakuta hapana kitu. Nikalia kidogo. Nikachukua magongo, nikatembea. Nikakaa, nikapakata mjukuu, nikala naye.

Mwalimu Zuhura akasema, na Saumu akamfuata, "Mtu amekatwa mguu. Anaishi. Ana wajukuu."

"Na asipokatwa."

Hapo ndipo nilipoielewa kazi yangu, vijana, baada ya kuifanya maisha yangu yote. Maana palikuwa na njia. Nikitenda mambo mawili pamoja, kufa na kulala, nikilegeza mwili kidogo mapema, nikiweka kiganja chini ya shavu, yeye atataja, "Mtu amelala." Mwanafunzi yeyote angelitaja hivyo. Daktari ataandika hafahamu. Thuraya atatia saini. Mguu utakatwa, na Mwalimu Zuhura ataishi, na hakuna atakayejua ila mimi, na mie nilishazoea kunyamaza. Nikamtazama Thuraya. Hajui kutenda, lakini ni mtoto wa mwalimu. Alikuwa ameshaona kwamba njia ipo. Alinitazama kama mtu anayemtazama mwenye ufunguo.

Nikamtazama na Mwalimu Zuhura. Alikuwa anangoja, kidevu juu, kama alivyokuwa anangoja kila darasa, kwamba nitakifanya sawa.

Nikaanzia miguuni. Nikaufanya mguu mmoja mzito, haunyanyuki. Nikapandisha ule uzito gotini, pajani, tumboni. Nikapata homa. Nikaomba maji, nikayakataa. Nikalala chini sakafuni, chali, nikajielekeza kibla. Nikatoa shahada kwa kidole tu. Halafu nikawa wale wanaobaki: nikajiosha maiti, nikajifunga sanda, kichwani, kiunoni, miguuni, miguu yote miwili, nikaifunga pamoja. Nikajibeba. Nikajishusha.

Niko chini na macho nimefumba, nasikia sauti yake, tulivu, Kiunguja safi cha mjini:

"Mtu hakukatwa mguu. Amekufa. Amezikwa mzima. Watoto wake wanalia, na yeye ameridhika."

Saumu hakutafsiri. Daktari akamwita mara mbili. Ndipo akasema, kipande kipande, analia, na la "ameridhika" akalitafuta kwa muda mpaka akalipata.

"Muulize anataka kipi," akasema daktari. "Hilo unaliweza?"

Hakukuwa na haja. Mwalimu Zuhura alikuwa ameshanyoosha mkono wake mzima, ananinyooshea mimi pale sakafuni. "La pili," akasema. "Na mnyanyueni huyo, ana maradhi ya mgongo."

Daktari akafunga karatasi zake. Hakukata.

Tulipotoka Thuraya alinisindikiza mpaka kwenye lifti. Nilidhani atanitukana, na ningelishukuru. Akasema, "Umetenda vizuri sana, ami. Laiti maisha yako yote ungetenda vibaya mara moja tu." Mlango wa lifti ukajifunga.

Mwalimu Zuhura alirudishwa nyumbani Ibra, na hakukaa sana. Kifo chake hakikuwa kama nilivyokitenda. Mie nilikitenda kwa heshima. Kwenye kitanda kulikuwa na harufu, na maumivu, na siku nyengine alipiga kelele mpaka majirani wakafunga madirisha. Sikuambiwa niende. Nilikwenda maziko, nikasimama nyuma. Wanaume wa ukoo wakanipa mkono. Thuraya, baada ya azaa, yaani matanga, alipita mbele yangu kama ninavyopitwa na upepo. Miezi mingi ikawa hivyo, na sikumlaumu, na msimlaumu na nyinyi. Kuna watu wawili walikuwa na haki mle chumbani, na mimi nilikuwa na mwili mmoja.

Kisha alasiri moja akabisha hodi kwangu. Amekonda. Hakukaa, ananyoosha simu yake tu.

"Nilimrekodi," akasema. "Tangu alipougua mpaka mwisho. Nilijiambia nitasikiliza siku nitakayojua. Nifundishe, ami. Au niambie tu anasema nini."

Tukaanza. Anakuja kila wiki, anakaa kwenye zulia, anaweka simu baina yetu. Niliogopa kwamba kuna wasia ndani, au laana. Hakuna. Kuna mwanamke anauliza kama tende zimeshavunwa. Anasema uji hauna chumvi. Anamwita mama yake. Anamwambia mtu nisiyemjua kwamba mvua inakuja aingize nguo ndani. Namtafsiria Thuraya, naye anaandika maneno asiyoyajua, na mara nyengine anacheka, kicheko cha mama yake, kinaanza puani.

Jana tulifika rekodi moja fupi. Sauti ya Mwalimu Zuhura iko chini, karibu sana na simu. "Nigeuze, mwanangu. Ubavu huu unaniuma tangu asubuhi. Nigeuze kidogo tu." Halafu sauti ya Thuraya kwa Kiarabu, laini, imejaa machozi: "Na mimi nakupenda, yumma." Halafu Mwalimu Zuhura, "Nigeuze." Ikakatika hapo.

Akanitazama. "Anasema nini?"

Nikamwambia.

Akairudisha nyuma, akaisikiliza tena, mpaka pale inapoingia sauti yake mwenyewe. Hakulia. Akaniuliza, "Mtu akikwambia hivyo, unamjibu vipi?"

"Unamwambia, haya mama, nakugeuza."

"Haya mama, nakugeuza," akasema. Halikukaa sawa. Akalirudia polepole, mpaka likakaa. Kisha akabonyeza inayofuata.